Roli za mboga mbichi

Roli za mboga mbichi ni chakula chepesi kinachotengenezwa kwa kuweka mboga zisizopikwa juu ya manda laini na kuikunja hadi iwe na umbo la mcheduara mdogo. Roli hizi hazikaangwi wala hazichomwi. Huliwa zikiwa baridi, kwa kuchovya katika rojo la karanga au la ndimu na pilipili. Asili yake ni Vietnam, lakini siku hizi hutengenezwa katika nchi nyingi, na katika miji ya Afrika Mashariki hujulikana zaidi kwa jina la springiroli.

Katika nyanda za juu za mkoa wa Kigoma, yaani wilaya za Kakonko, Kibondo na Kasulu, chakula hiki ni kigeni, ingawa karibu kila kinachohitajika kukitengeneza hulimwa huko huko. Hata manda yake, ambayo wengi hudhani ni lazima inunuliwe dukani, inaweza kutengenezwa nyumbani kwa wanga wa muhogo. Kazi inayotaka uangalifu zaidi si kukunja bali ni kuosha mboga, kwa kuwa baada ya hapo hakuna moto utakaoua vijidudu vilivyobaki.

Jina na asili

Kwa Kivietnam chakula hiki huitwa gỏi cuốn: neno la kwanza maana yake ni saladi na la pili ni kukunja. Hilo ndilo jina la kusini mwa nchi. Kaskazini huitwa nem cuốn. Roli ya kawaida huko huwa na kamba wa baharini, vipande vya nyama ya nguruwe, tambi nyembamba za mchele na majani mengi yenye harufu nzuri kama mnanaa. Roli ya mboga tupu nayo ni ya zamani. Waumini wa dini ya Kibuddha hula vyakula visivyo na nyama katika siku maalumu za mwezi, na roli za namna hiyo ni miongoni mwa vyakula hivyo.

Roli hizi zisichanganywe na zile za Kichina ambazo manda yake ni ya ngano na ambazo hukaangwa katika mafuta mengi. Wachina waliziita kwa jina la majira ya kuchipua kwa sababu zililiwa wakati wa sikukuu ya majira hayo. Hizo za kukaanga ndizo zilizotangulia kufika Afrika Mashariki, na mpishi wa pwani huziona kuwa ndugu wa sambusa, kwa kuwa zote mbili hufungwa kwa manda ya ngano. Neno manda lenyewe ni la wapishi wa pwani: ni ule mkate mwembamba kama karatasi unaotengenezwa kwa ajili ya kufungia sambusa. Katika makala hii neno hilo linatumika pia kwa karatasi ya mchele ya Vietnam, maana kazi yake ni ile ile.

Manda ya mchele na siri ya muhogo

Huko Vietnam manda hutengenezwa kwa rojo jepesi la mchele uliosagwa. Mpishi hutandaza rojo hilo juu ya kitambaa kilichovutwa kwenye mdomo wa chungu cha maji yanayochemka, hulifunika kwa muda mfupi hadi liive kwa mvuke, kisha huliinua kwa kijiti na kulianika juani juu ya wavu wa mianzi. Ile mistari ya miraba inayoonekana kwenye manda kavu ya dukani ni alama ya wavu huo.

Lisilojulikana na wengi ni kwamba manda nyingi za viwandani si za mchele mtupu. Mchele peke yake hutoa manda inayovunjika upesi, kwa hiyo huongezwa wanga wa muhogo ili ivutike. Muhogo si mmea wa asili wa Asia wala wa Afrika. Ulitoka Amerika Kusini, ukaletwa Afrika na Wareno katika karne ya 16, na baadaye ukaenea Asia. Leo Thailand na Vietnam ni miongoni mwa nchi zinazouza wanga wa muhogo kwa wingi zaidi duniani. Mnunuzi wa manda kavu katika duka kubwa la Dar es Salaam au Nairobi basi hulipia, pamoja na mchele, muhogo uliovuka bahari ya Hindi, huku muhogo wa Kasulu ukisubiri wateja kando ya barabara.

Manda kavu ya dukani hulainishwa kwa kuichovya katika maji ya vuguvugu kwa sekunde chache tu. Inapaswa kutolewa ingali ngumu kidogo, kwa sababu huendelea kulainika ikiwa kwenye sahani. Mtu anayeiacha majini hadi iwe laini kabisa hujikuta na utepe unaonata vidoleni na kuchanika.

Kupata wanga wa muhogo nyumbani

Wanga si unga. Unga wa ugali wa muhogo, ule unaotokana na muhogo uliovundikwa, ukaanikwa na kusagwa, una nyuzinyuzi na uchachu. Manda iliyotengenezwa kwa unga huo hupasuka inapokunjwa. Wanga ni ile sehemu nyeupe tupu inayotuama chini ya maji, ambayo wazee wetu waliifahamu kwa kunyooshea nguo kabla ya kupiga pasi.

Ili kuupata, muhogo mbichi humenywa, huoshwa na kukunwa kwa kikwangulio, au kwa kipande cha bati safi kilichotobolewa matundu kwa msumari. Muhogo uliokunwa huchanganywa na maji safi mengi, kisha hukamuliwa kwa kitambaa cheupe. Maji yanayotoka ni meupe kama maziwa. Yakiachwa yatulie kwa saa 6 hivi, au usiku kucha, wanga hutuama chini na kushikamana kama chokaa iliyolowa. Maji ya juu humwagwa, mengine safi huongezwa, wanga hukorogwa tena na kuachwa utuame. Kazi hii hurudiwa mara mbili au tatu hadi maji ya juu yawe maangavu. Kisha wanga huanikwa juani juu ya kitambaa safi mpaka ukauke na kuvunjika kwa kidole. Kilo 1 ya muhogo mbichi huweza kutoa gramu 150 hadi 200 za wanga, kutegemea aina ya muhogo, umri wake na jinsi ulivyokamuliwa.

Kurudia kuosha si kwa ajili ya weupe tu. Muhogo, hasa ule mchungu, una kemikali ambazo hutoa sumu ya sianidi seli zake zinapovunjwa. Kukuna huvunja seli hizo, na maji huichukua sumu. Kwa hiyo maji ya kwanza na ya pili hayafai kunywewa na mbuzi wala kuku. Kwa manda inafaa kutumia muhogo mtamu, ule unaoliwa hata kwa kuchemshwa tu, na kutofupisha hatua yoyote ya kuosha. Madhara ya muhogo mchungu usioandaliwa vizuri yanajulikana nchini Tanzania: mwaka 1985, katika kipindi cha ukame, watu wa Tarime waliugua konzo, ugonjwa unaopoozesha miguu ghafla na usiopona.

Mizizi yenye madoa makavu ya rangi ya kahawia ndani itupwe kando. Hiyo ni dalili ya ugonjwa wa michirizi ya kahawia, ambao pamoja na batobato umewaumiza sana wakulima wa muhogo katika ukanda wa maziwa makuu. Ugonjwa huo haumdhuru mlaji, lakini sehemu iliyooza haina wanga wa kutosha na huharibu rangi.

Kupika manda mbichi

Manda ya nyumbani si lazima ikaushwe. Inaweza kupikwa na kutumika siku hiyo hiyo, kama Wavietnam wanavyofanya kwa vyakula vyao vingine vya mvuke. Kikombe 1 cha wanga wa muhogo huchanganywa na kikombe 1 cha unga laini wa mchele, chumvi kidogo, kijiko kimoja cha mafuta na vikombe 3 vya maji. Mchanganyiko huachwa kwa nusu saa ili unga wa mchele unywe maji.

Wanga huzama upesi, na hapa ndipo wanafunzi wengi wa upishi hukosea: rojo lazima likorogwe kila kabla ya kuchota, la sivyo manda za kwanza zitakuwa maji na za mwisho zitakuwa gundi. Kiasi kidogo humiminwa katika kikaango kisichogandisha, kilichopakwa mafuta kidogo na kupashwa moto wa wastani, kisha kikaango huzungushwa ili rojo lienee na kufunikwa kwa dakika moja. Asiye na kikaango cha aina hiyo hutumia sahani bapa ya bati iliyopakwa mafuta, na kuiweka juu ya sufuria ya maji yanayochemka huku imefunikwa, kwa dakika mbili hivi. Manda iliyoiva huacha weupe na kuwa angavu, na huvimba mapovu katikati. Huachwa ipoe kidogo ndipo ibanduliwe, kwa kuwa ikiwa ya moto huchanika.

Manda zilizopikwa zisipangwe moja juu ya nyingine bila mafuta katikati, maana hushikana na kuwa donge. Zisiwekwe pia kwenye jokofu, kwani hukakamaa.

Badala ya manda

Familia isiyotaka kazi ya wanga ina njia mbili rahisi. Ya kwanza ni jani la kabichi. Majani makubwa ya nje hutumbukizwa katika maji yanayochemka kwa dakika moja hadi mbili, hutolewa, na ule mshipa mnene wa katikati hupunguzwa kwa kisu. Jani huwa laini na hukunjika bila kupasuka. Kwa nyumba yenye watoto wengi njia hii ndiyo ya gharama nafuu kuliko zote, na pengine ndiyo inayostahili kuanza nayo.

Ya pili ni chapati. Nchini Uganda chapati iliyokunjwa na mayai, kabichi, nyanya na vitunguu huitwa rolex, jina lililotokana na matamshi ya haraka ya maneno ya Kiingereza yenye maana ya mayai yaliyokunjwa, wala halihusiani na saa za mkono. Chakula hicho huhusishwa na wauzaji wa Busoga, na kilipata umaarufu Wandegeya, jirani na Chuo Kikuu cha Makerere, ambako wanafunzi walikipenda kwa bei yake na kwa kushibisha. Mwaka 2016 kilifanyiwa tamasha lake mjini Kampala. Rolex hupikwa, kwa hiyo si roli ya mboga mbichi kwa maana kamili, lakini ndiye ndugu yake wa karibu zaidi katika eneo hili la Afrika.

Mboga zinazofaa

Mboga nzuri kwa roli ni zile zinazolika mbichi na zisizo na maji mengi: karoti, kabichi, pilipili hoho, tango lililotolewa mbegu, vitunguu vya majani, embe bichi, na majani ya giligilani au mnanaa. Nyanya hulowesha manda. Zikitumika, nyama yake ya nje tu ndiyo iwekwe. Katika nyanda za juu za Kigoma mboga za bustani hupatikana hata wakati wa kiangazi, kuanzia Juni hadi Septemba, kwa sababu wakulima hushuka kulima mabondeni ambako udongo hubaki na unyevu.

Mchicha, ambao Kigoma huitwa pia lengalenga, hauliwi mbichi vizuri. Una asidi ya oksaliki na ladha kali. Unafaa ukitumbukizwa kwanza katika maji ya moto na kukamuliwa. Kisamvu hakitumiki kabisa, kwa kuwa majani ya muhogo yana sumu ile ile ya mizizi, na hata kwa wapishi wa isombe huhitaji kutwangwa na kuchemshwa muda mrefu.

Parachichi linastahili nafasi ya pekee. Karoti ina karotini ambayo mwili huigeuza kuwa vitamini A, lakini karotini hufyonzwa vizuri pale tu inapoliwa pamoja na mafuta. Roli ya karoti na kabichi peke yake haina mafuta. Vipande viwili vya parachichi, au rojo la karanga la kuchovyea, huondoa upungufu huo. Inasemwa mara nyingi kwamba mboga mbichi ni bora kuliko zilizopikwa. Hilo ni kweli kwa vitamini C, ambayo hupotea kwa moto, lakini si kweli kwa karotini, ambayo hupatikana kwa urahisi zaidi katika karoti iliyopikwa. Ili roli ziwe mlo kamili huongezwa yai la kuchemsha au maharage yaliyoiva na kukauka vizuri.

Usafi wa mboga na maji

Mboga za mabondeni humwagiliwa kwa maji ya vijito, na mara nyingi hurutubishwa kwa samadi. Maji hayo hayo hutumiwa na mifugo na na watu. Kwa hiyo jani la kabichi linaweza kubeba vijidudu vya kipindupindu, homa ya matumbo na amiba, pamoja na mayai ya minyoo. Mwaka 2015 mkoa wa Kigoma ulionja uchungu wa jambo hili. Mwezi Mei, wakimbizi wengi kutoka Burundi walipokusanyika katika kijiji kidogo cha Kagunga, kando ya Ziwa Tanganyika, kipindupindu kililipuka; maelfu waliugua na watu takribani 30 walifariki. Agosti mwaka huo huo mlipuko mwingine ulianza Dar es Salaam na kuenea katika mikoa mingi ya Tanzania. Wakati wa mlipuko wa namna hiyo roli za mboga mbichi zisitengenezwe kabisa. Mboga zote zipikwe na kuliwa zikiwa za moto.

Katika siku za kawaida uoshaji hufuata mpangilio. Kwanza udongo huondolewa kwa maji safi, jani moja moja, kwa kusugua pande zote mbili. Kabichi hutolewa majani ya nje na kuachanishwa kabla ya kuoshwa, si baada ya kukatwa. Karoti na tango huoshwa kwanza ndipo zimenywe, kwani kisu kinachopita kwenye ganda chafu huingiza uchafu ndani. Suuza ya mwisho hufanywa kwa maji yaliyochemshwa na kupoa, au yaliyotiwa dawa ya klorini kwa kipimo kilichoandikwa kwenye pakiti.

Watu wengi huamini kuwa maji ya chumvi huua vijidudu vya mboga. Hayaui, husaidia tu kuwatoa wadudu wadogo waliojificha kwenye mikunjo ya majani. Klorini nayo ina mpaka wake: huua bakteria wa kipindupindu, lakini mayai ya minyoo ya tumbo huistahimili. Ndiyo maana kusugua na kumenya haviwezi kuachwa hata pale dawa inapotumika.

Kuhusu kuchemsha, hutokea swali zuri la fizikia. Kwenye mwinuko wa mita 1,500 maji huchemka kwenye nyuzi 95 hivi za sentigredi, si 100, kwa sababu kanieneo ya hewa ni ndogo. Tofauti hiyo huchelewesha kuiva kwa maharage, jambo ambalo kila mpishi wa Kasulu analijua kwa kuni zake, lakini haizuii vijidudu vya magonjwa kufa. Maji yaliyochemka kwa kutokota ni salama, mradi yahifadhiwe katika chombo safi chenye mfuniko.

Mikono ioshwe kwa sabuni, na kibao kilichokatiwa nyama kisitumike. Roli huliwa ndani ya saa mbili baada ya kutengenezwa. Wajawazito na watoto wadogo wanashauriwa kula zile ambazo mboga zake zimepitishwa kwenye maji yanayochemka.

Kukunja

Mboga hukatwa vipande vyembamba virefu vya urefu wa kidole na kukaushwa kwa kitambaa safi. Manda hutandazwa juu ya sahani bapa iliyoloweshwa kidogo. Mboga hupangwa kwa mstari katika theluthi ya chini, zile laini chini na zile ngumu katikati, ili ncha za karoti zisitoboe manda. Upande wa chini hukunjwa kwanza kufunika mboga na kubanwa kwa vidole; pande mbili za pembeni hukunjwa kuelekea ndani; kisha yote huviringishwa kwenda mbele kama mkeka. Manda hujishika yenyewe bila gundi. Kiasi cha mboga kisizidi kiganja kimoja. Roli iliyolegea humwagika inapoumwa, na iliyojazwa mno hupasuka kabla ya kufika mezani.

Rojo la kuchovyea

Wavietnam hutumia mchuzi wa samaki waliochachushwa, uliochanganywa na ndimu, sukari, kitunguu saumu na pilipili. Bara la Tanzania rojo la karanga ndilo linalopatikana kwa urahisi: karanga zilizokaangwa husagwa au kutwangwa, hulegezwa kwa maji ya moto yaliyochemka, na kuongezwa ndimu, chumvi, sukari kidogo na pilipili. Karanga zilizosinyaa, zenye ukungu au zilizobadilika rangi zichambuliwe na kutupwa, kwa kuwa zinaweza kuwa na sumukuvu, sumu inayodhuru ini na isiyoondoka kwa kukaangwa.